Kilio cha Bi Mejumaa

Mwanangu, ipo siku moja ambayo hata leo nikiikumbuka mikono hunifa ganzi. Ilikuwa Jumamosi, baada ya sala ya adhuhuri, katika ukumbi mmoja pale Ukunda, si mbali na Kona ya Musa. Watu walikuwa wamekuja kutazama filamu niliyoitia sauti mimi. Nilijipamba siku hiyo, nikajifukiza udi, nikakaa safu ya mbele kama bibi harusi. Kabla ya alasiri nilikuwa nimejua kwamba nimemtendea mama wa watu jambo ambalo sijui hata leo niliite jina gani.

Lakini nianzie nyuma kidogo, maana ukiisikia siku hiyo peke yake hutanielewa.

Jina langu Mwanakombo. Hapa Msambweni wengine huniita Bi Kombo wa Mabati, kwa sababu wakati mmoja nilining'iniza mabati ya paa uani kwetu nikawa nayagonga kwa mwiko, na majirani wakamwita babangu wamwulize kama ninaumwa. Babangu alikuwa mkata mawe. Kazi yake ilikuwa timboni, kule yanakochimbwa mawe ya kujengea nyumba, na mimi ndiye niliyempelekea chakula. Shoka likigonga jiwe kavu lililia juu, likigonga jiwe lenye maji lililia chini, na wakataji wakiwa wengi zile sauti zilijibizana. Nilikuwa nikikaa pale nasikiliza mpaka wali unapoa, na babangu akila ananung'unika.

Nilipokuwa msichana mkubwa nilipata kazi ya kufua mashuka katika hoteli moja ya Diani. Wakaja watu wa filamu kutoka Nairobi. Fundi wao wa sauti alihangaika siku mbili, hapati mahali pa kimya. Mara jenereta, mara kima juu ya paa, mara wageni wanaoruka bwawani. Nikamwambia nyuma ya chumba cha kufulia kuna ukuta mnene wa mawe, apeleke vyombo vyake huko. Akaniuliza nimejuaje. Nikamwambia mimi husikiliza. Alicheka, lakini siku ya kuondoka aliniachia kinasa sauti kidogo, kikuukuu, pamoja na kanda tatu.

Basi hapo ndipo nilipopotea, au nilipopatikana, sijui. Nilinasa kila kitu. Kapi ya kisima. Mbuzi ya kukunia nazi. Mashuka yanayokung'utwa, punda anayehema, mchele unaopepetwa. Nilijifunza kuzikata hizo sauti na kuzipanga upya, moja imjibu mwenzake, nyingine irudi mara ishirini mpaka mtu asahau ilikuwa ya kitu gani. Haikuwa taarabu, haikuwa ngoma, na hakuna aliyeweza kuicheza. Niliipiga mara moja katika harusi ya binamu yangu, na shangazi wa bibi harusi akaja kuniuliza kwa upole kama mashine imeharibika.

Ajabu ni kwamba wako waliopenda. Nikaitwa Mombasa, nikaitwa Nairobi, kisha nikapandishwa ndege nikapelekwa ughaibuni, watu wakakaa kimya saa nzima wakisikiliza kapi ya kisima cha Msambweni, halafu wakasimama wakapiga makofi. Magazeti yaliuita muziki wa majaribio. Mamangu, Mwenyezi Mungu amrehemu, aliposomewa hayo aliuliza, "Majaribio mpaka lini?"

Watu wa filamu walinipenda zaidi kuliko watu wa muziki. Nilijua kuvunja muwa ukasikika kama mfupa. Nilijua kumwaga mchele juu ya ungo mvua ikanyesha. Mwongozaji mmoja wa Nairobi akawa haanzi filamu bila kuniita.

Sasa nikwambie habari za Mwanatumu.

Mwanatumu alikuwa wa Bodo, ila alilelewa hapa kwa mama yake mdogo, na tulisoma chuo kimoja cha Kurani, tukilala mkeka mmoja. Katika watu wangu wote ni yeye peke yake aliyeupenda ule muziki wangu tangu mwanzo. Alikuwa akivaa vile visikizio vyangu vya masikioni juu ya ushungi, anafumba macho, kisha anacheka mpaka machozi, ananiambia, "Kombo, hili ni bati la kwetu kabisa!" Aliolewa, akarudi kukaa Bodo. Akaugua siku chache tu, homa isiyo na jina, na siku moja asubuhi nikapigiwa simu nikaambiwa amefariki.

Nilifika Bodo kabla hajaoshwa. Wanawake tulikuwa tumejaa chumba kimoja, na mama yake, Bi Mejumaa, alikuwa amekaa kwenye mkeka, uso mkavu, anawafariji watu waliokuja kumfariji. Ndivyo alivyokuwa mama yule. Katika misiba ya wengine yeye ndiye aliyewashika wafiwa mikono akiwaambia wasipaze sauti, wasome, wamwombee marehemu. Walimfahamu kwa hilo kutoka Bodo mpaka Funzi.

Basi jeneza lilipoinuliwa, wanaume wakaanza kuondoka, Bi Mejumaa alisimama ghafla kama mtu aliyeitwa. Halafu akapasuka. Mwanangu, sikuwahi kusikia sauti kama ile, na nimesikiliza sauti maisha yangu yote. "Mwanatumu! Mwanatumu mwanangu, nani ataniita mama?" Akarudia na kurudia mpaka maneno yakaisha ikabaki sauti tupu. Wanawake walikimbia kufunga mlango, mmoja akamziba kwa leso, wengine wakamkalisha. Alipopata fahamu zake alianza kuomba maghufira, aibu imemshika kuliko huzuni. Mkubwa mmoja wetu akasema, "Mejumaa, haya yamebaki humu ndani. Sote tumekubaliana?" Sote tukajibu ndiyo. Nami nikajibu ndiyo.

Nilijibu hivyo na kinasa sauti changu kilikuwa kinazunguka chini ya leso yangu.

Usiniulize nilikiwasha saa ngapi, kwa sababu sijui. Nilikuwa nimezoea kukibeba. Nilijiambia baadaye kwamba nilitaka ukumbusho wa rafiki yangu, lakini ukweli ninaokupa wewe leo ni kwamba ile sauti ilipoanza, kitu cha kwanza nilichofikiri kilikuwa hiki: kanda itatosha? Rafiki yangu anatolewa nje ya nyumba, mimi nafikiria kanda. Na machozi hayakunitoka siku hiyo, wala siku zilizofuata.

Miaka ikapita. Yule mwongozaji akaja na filamu ya kutisha, habari za pepo wa kike anayetafuta mtoto. Akaniambia, "Nataka sauti ambayo binadamu hajawahi kuisikia." Nilijaribu mabati, nikajaribu nyuzi, nikajaribu mbuzi wa kweli wa kufugwa. Kila nilichompelekea alisema hakitishi. Nilianza kuogopa kwamba nimekwisha, kwamba masikio yangu yamechoka. Ndipo nikaitoa ile kanda.

Niliipunguza kasi. Nikaigeuza nyuma mbele, nikaizamisha chini ya mngurumo wa bati. Nilipomaliza, hata mimi mwenyewe sikumsikia tena Bi Mejumaa mle ndani, na hilo likaituliza roho yangu. Nikasema, hii si yake tena, hii ni kazi ya mikono yangu. Mwongozaji alipoisikia alinishika mkono, akaniomba nimtumie vipande vyote vya asili pia, "ili fundi wa mwisho wa kuchanganya sauti asikose kitu." Nikamtumia vyote. Sikuuliza atavifanyia nini. Nilikuwa nimefurahi mno kusifiwa.

Filamu ilipata jina kubwa, nami nikapata tuzo ya sauti kabla hata sijaitazama filamu yenyewe. Wakati huo nikapata wazo, na nilidhani ni wazo jema: ionyeshwe kwetu, watu wangu waone binti wa mkata mawe amefika wapi. Nikaomba ukumbi Ukunda. Nikakodi magari yawalete watu wa Msambweni na wa Bodo. Na kwa vile Bi Mejumaa alikuwa kama mamangu, nilimwalika mwenyewe, nikamkalisha karibu yangu. Alikuwa amekwisha zeeka kidogo, lakini uso ni ule ule. Alikuja kwa ajili yangu, kwa sababu nilikuwa rafiki wa mwanawe.

Taa zikazimwa. Ile sauti ya kwanza ilipotoka, ile niliyoigeuza, ukumbi mzima ulishtuka. Bi Mejumaa naye alishtuka, kisha akatabasamu, akaniinamia akaninong'oneza, "Umefanyaje ikatisha hivi?"

Nikamjibu, "Ni ufundi tu, Mama."

Naam. Nilimjibu hivyo.

Ilipofika karibu na mwisho, pepo yule akasimama mlangoni, akafungua kinywa. Nilijua kinachokuja, nilikuwa nimekipanga mwenyewe. Lakini kilichotoka hakikuwa nilichopanga. Mafundi wa mwongozaji walikuwa wameondoa bati, wameondoa mngurumo, wameondoa kila nilichokitia. Sauti ilitoka kavu, safi, kubwa kama nyumba, ikajaza ukumbi: "Mwanatumu! Mwanatumu mwanangu, nani ataniita mama?"

Nilitaka kuinuka nikimbilie mashine niizime, nikabaki nimeketi. Nyuma yetu vijana walipiga mayowe ya raha, wengine wakacheka, mmoja akaiga. Wale wanawake wa Bodo waliokuwa katika chumba kile siku ile ya msiba hawakuwa wakitazama filamu tena. Walikuwa wamegeuka wote wananitazama mimi.

Bi Mejumaa hakupiga kelele. Alisema polepole, kama mtu anayeuliza njia, "Mwanakombo. Huyo ni mimi?"

Nikawa nakunja ncha ya leso yangu.

"Nakuuliza, mwanangu. Huyo ni mimi?"

Akanyanyuka, akatafuta viatu vyake gizani kwa mguu, na dada yake akamshika mkono wakatoka. Wanawake wa Bodo wakawafuata mmoja mmoja, kimya, na wale waliokaa nyuma wakawa wanawapigia kelele wakae chini wanaziba picha.

Nitakwambia jambo jingine ambalo sijawaambia wengi. Filamu ilipokwisha, taa zikawashwa, watu wakapiga makofi, wakaniita mbele. Nami nilikwenda. Nilishika kipaza sauti nikashukuru. Nikatabasamu nikapigwa picha. Nimeitafuta sababu yake miaka yote hii. Nadhani mwili ulikuwa umezoea kushukuru, ukashukuru wenyewe.

Nilimpigia simu mwongozaji siku ya pili. Nilimfokea. Akanisikiliza mpaka mwisho, kisha akauliza, na kusema kweli aliuliza kwa mshangao, "Lakini ni wewe uliyenitumia. Ulinasa wapi?" Akasema, "Nilidhani ni mwigizaji wako. Ndiyo sehemu bora ya filamu yote." Angejuaje, na mimi sikumwambia?

Nilidhani hilo ndilo baya kuliko yote. Wiki mbili baadaye nilikuwa Ukunda sokoni nachagua nyanya, simu ya mtu ikaita karibu yangu. "Mwanatumu! Mwanatumu mwanangu!" Niliziangusha nyanya. Kijana wa bodaboda akaitoa simu mfukoni, akaipokea, akaanza kuzungumza habari za abiria. Vijana walikuwa wamekikata kile kilio kutoka kwenye filamu wakakifanya mlio wa simu. Wakawa wakipokezana. Upande wa pili wa barabara ikaita nyingine. Jina la rafiki yangu, aliye kaburini, linaita watu waje wachukue abiria pale Kona ya Musa. Nilisimama katikati ya soko nimeshika kikapu kitupu, na mama muuza nyanya akaniuliza kama nataka kukaa chini.

Ndipo nilipokwenda Bodo.

Nilimkuta Bi Mejumaa amekaa barazani anasuka ukili wa mkeka. Nikamwamkia, "Shikamoo, Mama." Akaitikia, "Marahaba," akaniletea maji kama anavyoletewa mgeni yeyote, akanikaribisha mkekani. Ule upole uliniumiza kuliko kama angenitemea mate. Nilianza kuomba msamaha, maneno yakatoka mengi, ya kujieleza, ya kanda na fundi wa mwisho na sikujua. Akaniacha niseme mpaka nikaishiwa.

Kisha akaniuliza, "Siku ile ulikiwasha kile kidude wakati gani?"

"Wakati ulipoanza kulia, Mama. Au kabla kidogo. Sikumbuki."

"Na wewe je, ulilia wakati gani?"

Sikuelewa. Akarudia. "Mimi nililia. Dada yangu alilia. Mpaka jirani asiyepatana nasi alilia. Wewe ulikuwa umelala mkeka mmoja na mwanangu. Ulimlilia lini?"

Nikamwambia ukweli. "Sikumlilia, Mama."

Akaweka ukili wake chini. "Mimi niliomba Mungu anisamehe kwa kupaza sauti, na yeye ni mwingi wa kusamehe. Wale wenzangu walinifichia. Sasa watoto wa watu wananicheka njiani, na hiyo nitaivumilia, nimevumilia makubwa kuliko hiyo. Lakini mwanangu alikuwa na rafiki mmoja, na rafiki huyo hakumlilia. Haya, mlilie. Niko hapa. Nikusikilize na mimi."

"Mama..."

"Mlilie, Kombo."

Kombo. Hakuna aliyeniita hivyo tu, bila Bi, tangu Mwanatumu alipofariki. Mwanangu, nilikaa pale sijui muda gani, nikiona haya, mchana kweupe, kuku wanapita. Halafu ikaja. Sikujua kwamba nilikuwa nayo. Ilitoka mbali, ikatoka na sauti niliyoifahamu, kwa sababu ilifanana na ile ile, na niliposikia inafanana nilizidi kuogopa na kuzidi kulia. Bi Mejumaa hakuniziba. Hakusema nyamaza. Alikaa ananisikiliza, amekunja mikono, uso umetulia, mpaka nikabaki na kwikwi tu.

Ndipo akasema, "Leo umemzika." Akachukua ukili wake akaendelea kusuka.

Nilirudi siku ile mwepesi na mzito kwa pamoja. Mwongozaji alipojua habari yote alishtuka, akakitoa kile kilio katika nakala zilizokuwa bado mkononi mwake. Zilizokwisha kutoka zilikuwa zimetoka. Niliwaendea vijana wa bodaboda, kituo kwa kituo, nikawaeleza. Wengine walicheka. Mmoja alipojua ni mama wa Bodo anamlilia binti yake, aliketi juu ya pikipiki yake akashika kichwa. "Mama, wallahi mimi nilidhani ni uigizaji." Akaufuta mlio ule mbele yangu, akanipeleka kwa wenzake. Ile tuzo niliirudisha. Hata hivyo, mwaka uliopita tu nilikuwa hospitalini nasubiri zamu, nikakisikia tena kile kilio, mbali, katika simu ya mtu nisiyemwona. Sauti ikishatoka, hakuna mkono unaoweza kuirudisha kinywani.

Bi Mejumaa hakuniruhusu tena kuingia kwake na begi langu la kazi. Kila nilipofika aliniambia niliache kwa jirani, nami nililiacha. Alipofariki, jamaa zake walinitumia mtu. Nilidhani naitwa kukaa na wengine. Nikaambiwa, "Ingia ndani, Bi Kombo, alisema ushike maji." Nikawa mmoja wa waliomwosha. Nakuapia sijapewa heshima kubwa kuliko hiyo katika maisha yangu, wala sidhani nitapewa.

Sikuacha muziki, wala filamu sikuacha. Ila tangu siku hizo sinasi sauti ya mtu mpaka nimemwambia mimi ni nani, nataka nini, itakwenda wapi na nani atakayeisikia. Wengi hukataa. Nimepoteza sauti nyingi nzuri kwa njia hiyo, na zimeniacha nalala usingizi.

Nakwambia haya kwa sababu juzi nilishuhudia ajali pale barabarani. Mama ameanguka kwenye pikipiki, leso imemvuka, anaita, na nilihesabu simu zilizoinuliwa kabla ya mkono mmoja kuinuliwa kumfunika. Ninyi nyote sasa mna kile kidude changu mfukoni, tena bora kuliko changu. Najua wewe una kipaji. Nimesikia unavyozichanganya sauti kwenye simu yako, na baadhi zimenitia wivu. Jaribu. Vunja, geuza, tafuta lisilowahi kusikika. Mimi si mtu wa kukukataza hayo.

Ninalokuusia ni hili. Mtu akiwa katika uchungu wake, au katika aibu yake, usiwe fundi mbele yake. Kuwa jirani. Mfunike, mshike, lia naye kama machozi yapo. Ukimwomba sauti yake, mwombe akiwa amesimama wima na anaweza kukataa, na akikataa usirudi kwa mlango wa nyuma. Usimpe mwenzako kitu ulichokabidhiwa kwa siri, hata kama umekibadilisha mpaka wewe mwenyewe hukitambui, maana mwenyewe atakitambua. Na siku utakapokosea, kwa sababu utakosea, usiende kujieleza. Nenda ukae mkekani umsikilize uliyemkosea, ufanye atakachokwambia.

Mwenyezi Mungu akulindie masikio yako, mwanangu, na mikono yako pia. Akupe kazi itakayowafurahisha watu bila kumliza mtu. Akujaalie marafiki wa kukulilia, na moyo wa kuwalilia wao kwa wakati wake. Amina.